Magunia ya Mahindi na Urefu wa Watoto Wetu



Nimeombwa niseme machache kuhusu afya ya watoto. Ufipa haijulikani kwa njaa. Mahindi yetu hulisha hata mikoa mingine. Lakini utafiti wa kitaifa wa mwaka 2015-16 ulionyesha kuwa kati ya kila watoto 100 wa chini ya miaka 5 mkoani Rukwa, 56 walikuwa wamedumaa. Hakuna mkoa uliotuzidi. Mwaka 2022 tulishuka hadi karibu 50, wakati nchi nzima ilikuwa 30. Tumesogea, ila bado ni mtoto mmoja kati ya wawili.

Tusijifariji kwamba ni ufupi wa ukoo. Mtoto hudumaa katika siku 1,000 za mwanzo, tangu mimba hadi miaka 2, kwa uji mtupu wa mahindi na kuharisha kwa mara kwa mara. Zikishapita, ni vigumu kurudisha kilichopotea, na hasara yake huonekana hadi darasani.

Sasa tujiulize: nani hasa anamlisha mtoto? Zamani, mtoto wa Kifipa akiachishwa ziwa alihamia kulala kwa bibi. Mwanahistoria Kathleen Smythe ameyaandika hayo kuhusu familia za Nkasi. Hata leo, wakati wa palizi mama yuko shambani, na sufuria ya uji iko kwa bibi. Lakini mara nyingi mafunzo ya lishe tunampa mama peke yake.

Kwa hiyo naomba michango ya mwaka huu ifanye mambo mawili. Kwanza, tuwaite mabibi pamoja na mama zao watoto, wapike pamoja: uji wenye karanga na dagaa waliosagwa, maharage yaliyopondwa, yai, mboga za majani. Vyote vinapatikana sokoni kwetu. Pili, tununue mbao za kupimia urefu, kwa sababu mizani peke yake haionyeshi udumavu.

Ndugu zangu, kila mwaka tunahesabu magunia. Mwaka huu tuwapime na watoto.