Mwimbaji Anapokuwa Kiongozi wa Kwaya



Nimeombwa nizungumzie, hapa Pangi, safari ya mwimbaji wa muziki wa kiklasiki anayeacha kuimba peke yake na kuanza kuwaongoza wengine. Ulaya kuna mfano unaojulikana sana, René Jacobs. Alizaliwa Gent, Ubelgiji, mwaka 1946, akaanza kuimba utotoni katika kwaya ya kanisa kuu la Mtakatifu Bavo. Chuo kikuu alisoma Kigiriki na Kilatini cha kale, huku sauti yake ya juu, ya mwanamume aimbaye alto, ikizidi kumpa jina. Mwaka 1977 alianzisha kikundi cha Concerto Vocale. Baadaye akaongoza opera nzima, na kuanzia 1997 hadi 2009 alisimamia tamasha la muziki wa kale la Innsbruck, Austria. Leo wengi wanamjua zaidi kwa mkono wake kuliko kwa koo lake.

Lishikeni hilo jina la Bavo. Misheni ya Kamina, hapa kwetu Kongo, nayo iliwekwa chini ya Mtakatifu Bavo, na huko ndiko Missa Luba, misa ya Kilatini yenye muziki wa Kongo, ilikoimbwa katika ibada kwa mara ya kwanza, tarehe 23 Machi 1958. Kamina si ugenini kwetu: reli ya Kindu hupita Kongolo na Kabalo hadi kufika huko, ingawa kuisubiri treni yenyewe kunataka moyo.

Kiongozi wa kwaya iliyoiimba misa hiyo alikuwa padri Guido Haazen, Mfransisko wa Ubelgiji aliyefika Kongo mwaka 1953. Alikusanya wavulana wapatao 45 na walimu 15, wakaitwa Troubadours du Roi Baudouin, wakasafiri hadi Ulaya mwaka huohuo wa 1958. Maneno ya misa ni Kilatini kitupu, lakini muziki umetoka Katanga na Kasai. Kyrie imefuata kasala, ule utenzi wa kusifu na kuomboleza. Sanctus imetokana na wimbo wa kuagana. Hosanna ni ngoma ya Kasai.

Katika sahani ya santuri waliyoirekodi, tenori anayesikika mbele ya wote ni Joachim Ngoi, mwalimu wa shule ya Kamina. Yeye ndiye ninayetaka tukae naye. Isikilizeni Kyrie. Ngoi anatoa sauti, anaivuta, anaishusha taratibu kama mtu anayeteremka ngazi bila taa, na kwaya haijui hasa atatua wapi. Wanamngoja. Wanasikia pumzi yake inaisha, na hapo ndipo wanapoingia kwa pamoja. Hakuna fimbo ya kuongozea inayoweza kufanya kazi hiyo. Muziki huo haukuwa umeandikwa: walikubaliana njia, kisha kila wimbo ukajengwa palepale. Katika hali hiyo anayeamua urefu wa sentensi ndiye anayeongoza. Jalada la sahani humtaja Haazen kuwa kiongozi na Ngoi kuwa mwimbaji. Simnyimi padri haki yake: bila yeye pengine kwaya isingekuwepo, wala sahani isingetoka. Ila nasema uongozi ndani ya wimbo ulikuwa kooni mwa Ngoi.

Wazee wa hapa hawatashangaa. Katika bwami, chama cha Warega chenye ngazi zake hadi kindi, mafundisho hutolewa kwa methali zinazoimbwa na kuchezwa, na anayezifundisha ndiye anayezianzisha kwa sauti yake huku wengine wakiitikia. Daniel Biebuyck, mwanaanthropolojia wa Kibelgiji, aliyaandika mengi ya hayo miaka ya 1950. Serikali ya kikoloni ilikuwa imekwisha kuupiga marufuku bwami mwaka 1948. Miaka 10 baadaye serikali hiyohiyo ikawa inajivunia Ulaya kwaya ya watoto wa Kongo inayoimba kwa kuitikiana. Mambo ya wakubwa.

Kwa hiyo, hapa kwetu mwimbaji anayekuwa kiongozi habadilishi kazi, na hilo huonekana kwenye mazoezi. Asiyewahi kuimba peke yake huhesabu moja, mbili, tatu, kisha hushangaa kwaya ikianza vipande vipande. Aliyewahi kuimba huwapa besi sauti yao kwanza, kwa kuiguna mwenyewe, kisha tenori, kisha alto, kisha soprano; halafu huinua mkono huku akivuta pumzi kwa mdomo wazi, nao huvuta pamoja naye. Sentensi ikiwa ndefu, huwaambia wapumue kwa zamu, jirani na jirani wasipumue kwa pamoja. Tena lugha zetu hupanda na kushuka: Kirega kikiimbwa kinyume cha toni zake, bibi aliyeketi benchi la mbele husikia neno jingine kabisa, na mengine si ya kutamkwa kanisani.

Missa Luba ilipochapwa kwa nota, ikaenea. Mwaka 1990 Muungano National Choir ya Nairobi, chini ya Boniface Mganga, iliirekodi upya, na ni kazi nzuri. Ila kwa kila kwaya inayosoma nota hizo, lile ambalo Ngoi aliliamua papo hapo limekuwa alama kwenye karatasi, na tenori anatakiwa alifuate kwa hesabu. Ombi langu kwa viongozi wa kwaya mliopo ni dogo. Mkiipanga Missa Luba, karatasi wapeni kwaya, tenori asipewe. Mwacheni aimbe anavyosikia, nanyi simameni pembeni muingie anapomaliza pumzi.