Illatio: Asili ya Hukumu ya Akili

Miongoni mwa maneno adimu ya Kiingereza limo moja, illation, ambalo wanafalsafa hulitumia kwa maana ya kutoa natija, yaani kuyashika mambo yaliyokwisha thibiti na kwayo kulihukumia jambo jingine ambalo jicho halikulishuhudia. Asili yake ni Kilatini, illatio, maana yake kuingiza ndani, nalo ni tawi la kitenzi inferre, ambacho kikieleza jambo lililokwisha tendwa hugeuka sura kikawa illatus. Na wanasheria wa Roma walikitumia kwa vitu vya kushikika, wakaviita invecta et illata vile vyombo ambavyo mpangaji aliviingiza katika nyumba ya kukodi, navyo vikawa rahani kwa mwenye nyumba hata kodi ilipwe.

John Locke, katika karne ya 17, alifundisha kuwa illation si kitu ila akili kukiona kiungo kilichopo baina ya fikra na fikra. Naye John Henry Newman, padri na mwanachuoni wa Kiingereza, katika kitabu alichokitoa mwaka 1870, aliuliza: Mwingereza amepata wapi yakini kuwa nchi yake ni kisiwa, ilhali hajapata kuizunguka? Ni kwamba amefundishwa hivyo tangu utotoni, ramani zote zaafikiana, wala hajasikia mtu akikanusha. Na hoja hizo, ambazo kila moja peke yake ni dhaifu, zikikusanyika huleta yakini, kwa kipawa cha akili ambacho Newman alikiita Illative Sense.

Nasi Waswahili twasema natija, neno tulilolipata kwa Waarabu, ambao kwao lafungamana na kuzaa kwa ngamia. Mrumi asema jambo limeingizwa, Mwarabu asema limezaliwa. Lakini kilichoingizwa kina aliyekichukua, na kilichozaliwa kina mamaye. Kwa hiyo mtu akituambia kwamba bila shaka fulani ndiye aliyeiba, yatupasa tumwulize hukumu hiyo ameitoa katika dalili zipi, na dalili hizo zafungamanaje. Na swali hilo tuanze kujiuliza wenyewe kabla ya kunena, kwani dhana isiyo na burhani, ikishatoka kinywani, humvunjia mtu heshima yake, na heshima iliyovunjwa aghalabu haiungiki kwa kuombana radhi.