Bibi Aliyetambua Nyota Zimefanyizwa kwa Kitu Gani

Mabibi na Mabwana,

Kila mmoja wetu amepata kuinua macho usiku na kuzitazama nyota. Mkulima hukitazama Kilimia apate kujua majira ya kazi ya shamba, na nahodha huzitazama nyota apate kujua njia. Lakini ni wachache waliojiuliza nyota zenyewe ni kitu gani, na jua nalo ni kitu gani, maana jua ni nyota kama zile nyingine, ila lipo karibu nasi. Leo nataka kuwaeleza habari za mwanamke aliyeuliza swali hilo akalipatia jibu kabla hajatimiza miaka 26, kisha akaandika kwa mkono wake mwenyewe kwamba jibu lile huenda si kweli. Jina lake ni Cecilia Payne.

Kwanza niseme jambo moja juu ya maneno. Tukisema mnajimu, wengi humfikiria mtu wa ramli anayetabiri safari na arusi. Bibi Payne hakuwa mtu wa namna hiyo. Elimu yake ni ile ambayo wanazuoni wa pwani huiita falaki, yaani kuzipima nyota na kuzifanyia hesabu, wala si kuziuliza bahati ya mtu.

Alizaliwa tarehe 10 Mei 1900 katika mji mdogo wa Wendover, Uingereza. Baba yake alifariki yeye angali mtoto wa miaka 4, na mama akawalea watoto wake 3 peke yake. Mwaka 1919 alipata msaada wa masomo akaingia Newnham, chuo cha wanawake huko Cambridge, nia yake ikiwa kusoma elimu ya mimea.

Mwaka huo huo, mwezi Mei, jua lilipatwa. Bwana Eddington, mwalimu mkubwa wa Cambridge, alikuwa amesafiri hata kisiwa cha Principe, karibu na pwani ya Afrika ya Magharibi, akapiga picha za nyota zilizoonekana kando ya jua lilipofunikwa, apate kuyapima maneno ya Einstein kwamba uzito wa jua huupinda mwanga upitao karibu yake. Aliporudi alitoa hotuba. Bibi Payne aliipata tikiti kwa bahati tu, kwa kuwa rafiki yake hakuweza kwenda. Alirudi chumbani akaiandika hotuba ile karibu yote, neno kwa neno, na kwa masimulizi yake mwenyewe hakulala siku 3. Tangu hapo moyo wake ukawa katika nyota.

Masomo hayakuwa mepesi kwa mwanamke. Katika darasa la Bwana Rutherford, yule bingwa wa mambo ya atomu, kanuni ilikuwa kwamba wanawake wakae safu ya mbele, naye alikuwa mwanamke peke yake. Mwalimu alikuwa akimkazia macho na kuanza kwa kusema, “Mabibi na Mabwana,” na vijana wote nyuma yake hupiga makofi na kukanyaga sakafu kwa vishindo. Salamu niliyowapa nyinyi sasa hivi kwa heshima, yeye aliipokea kila mara kama dhihaka. Alimaliza masomo yake vema, lakini shahada hakupewa, maana Cambridge haikuwapa wanawake shahada hata mwaka 1948.

Aliona kwamba akibaki Uingereza ataishia kuwa mwalimu wa shule tu. Basi mwaka 1923 akavuka bahari akaenda Marekani, kwenye kituo cha kutazamia nyota cha Chuo Kikuu cha Harvard, ambacho mkuu wake alikuwa Bwana Harlow Shapley. Huko alikuta hazina kubwa: vioo vya picha za nyota, laki kwa laki, vilivyokusanywa kwa miaka mingi na kupangwa na wanawake waliolipwa mshahara mdogo. Mmojawapo, Bibi Annie Cannon, ambaye masikio yake hayakusikia vizuri, alikuwa amekwisha kuzitia nyota zaidi ya 225,000 katika mafungu yake, moja moja, kwa macho tu. Lakini kwa nini nyota zigawanyike katika mafungu yale? Hilo halikuwa limeelezwa sawasawa.

Hapa naomba mnisikilize taratibu kidogo. Mwanga wa nyota ukipitishwa katika kioo cha pembe tatu hutawanyika ukawa rangi, kama upinde wa mvua. Ukitazama vizuri utaona katika rangi zile mistari myembamba myeusi. Kila asili ya kitu, kama vile chuma au chokaa, ina mistari yake, isiyofanana na ya kitu kingine, kama vile alama ya kidole cha mtu isivyofanana na ya mwenziwe. Wataalamu waliona katika jua mistari mingi ya chuma na madini mengine, wakasema: Basi, jua limefanyizwa kwa vitu vile vile vilivyomo duniani, na kwa kadiri ile ile, ila lina moto.

Bibi Payne hakuridhika. Mtaalamu wa Bara Hindi, Bwana Meghnad Saha, alikuwa ameonyesha mwaka 1920 kwamba joto likizidi atomu hunyang’anywa sehemu zake za nje, na mistari yake hubadilika; hivyo mstari wenye nguvu si lazima uwe dalili ya wingi. Mfano wake ni kama mtu apitaye nje ya nyumba yenye mkutano. Akisikia sauti za watu watatu wanaogombana, asidhani kwamba ndani wamo watatu tu. Huenda wamo mia walionyamaza. Katika jua chuma ndicho chenye kelele. Bibi Payne alifanya hesabu ya kuwajua walionyamaza.

Kazi ile ilimchukua karibu miaka 2, mara nyingi usiku na mchana. Aliona kwamba nyota, ingawa rangi zake ni mbalimbali, karibu zote zimefanyizwa kwa vitu vile vile, na kinachozitofautisha hasa ni joto. Hilo lilikubaliwa kwa furaha. Lakini jambo la pili liliwashtua watu. Hesabu zilionyesha kwamba gesi ya hidrojeni, iliyo nyepesi kupita vitu vyote, ilizidi madini katika nyota kiasi cha mara milioni, na nyuma yake ikafuata heliamu. Yaani jua si dunia iliyowaka moto. Ni kitu kingine kabisa.

Andiko lake lilipelekwa kwa Bwana Henry Norris Russell wa Princeton, ambaye neno lake siku zile liliweza kumpa kijana kazi au kumnyima. Akajibu kwamba wingi ule wa hidrojeni hauwezekani kamwe. Basi Bibi Payne, katika kitabu chake cha shahada cha mwaka 1925, akatia maneno ya kusema kwamba wingi uliopatikana karibu kwa hakika si wa kweli.

Wako wanaomlaumu. Mimi naona si haki kumhukumu upesi. Alikuwa mwanafunzi, mgeni, mwanamke, hana kazi ya kudumu. Na Bwana Russell hakusema kwa chuki, bali alisema kile ambacho wataalamu karibu wote walikiamini. Tena hesabu zenyewe hakuzifuta. Zimo kitabuni, mtu yeyote aliweza kuzisoma. Alipewa shahada ya udaktari na Radcliffe, chuo cha wanawake, kwa kuwa Harvard yenyewe haikuwapa wanawake.

Mwaka 1929 Bwana Russell, akiwa amepita njia nyingine, alifikia jibu lile lile. Aliitaja kazi ya Bibi Payne katika maandiko yake, lakini kwa miaka mingi sifa ilimwendea yeye. Leo twajua kwamba kwa uzito, hidrojeni ni karibu robo tatu ya jua, heliamu karibu robo moja, na vitu vingine vyote pamoja havifiki sehemu 2 katika mia. Kwa sababu hiyo wataalamu waliofuata waliweza kueleza jua linapata wapi nguvu zake: ni hidrojeni igeukayo kuwa heliamu.

Bibi Payne alibaki Harvard. Kwa muda mrefu cheo chake kilikuwa cha msaidizi tu, na masomo aliyofundisha hayakuandikwa katika orodha ya Chuo hata mwaka 1945. Mwaka 1933 alikutana huko Ujerumani na Mrusi mmoja mtaalamu wa nyota, Sergei Gaposchkin, mkimbizi asiye na nchi. Akahangaika mpaka akampatia ruhusa ya kuingia Marekani, na mwaka 1934 wakaoana. Walizaa watoto 3. Pamoja walipima nyota zinazobadilika mwanga, vipimo zaidi ya milioni nzima. Hata mwaka 1956 ndipo Harvard ilipompa cheo cha Profesa na kumweka kuwa mkuu wa idara ya elimu ya nyota, mwanamke wa kwanza kuongoza idara katika Chuo kile.

Uzeeni aliandika habari za maisha yake. Hakumsema vibaya Bwana Russell. Alijilaumu mwenyewe kwamba aliinama mbele ya mkubwa hali aliamini kwamba yeye ndiye mwenye haki. Mwaka 1976 Chama cha Wataalamu wa Nyota cha Marekani kilimpa heshima yake kubwa, ambayo mtu apewaye hutakiwa kutoa hotuba mbele ya wenzake. Heshima hiyo inaitwa kwa jina la Henry Norris Russell. Aliipokea, akasimama akatoa hotuba. Alifariki tarehe 7 Desemba 1979.