Bei Halisi ya Nyumba ya Mkopo
Mazungumzo na wananchi wa Kirando, Wilaya ya Nkasi, Mkoa wa Rukwa



Tumeombwa kuzungumzia mikopo ya nyumba. Wapo kati yenu waliokwisha kufuatwa na maofisa mikopo wenye karatasi ya picha ya nyumba nzuri, na chini ya picha hiyo namba moja iliyokolezwa wino: rejesho la kila mwezi. Namba hiyo ni ya kweli, lakini mtu aliyepewa hiyo peke yake bado hajaambiwa bei ya nyumba.

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Hawakutuambia matanga hayo huchukua miaka mingapi, na hesabu hiyo ndiyo tuliyokuja kuifanya.

Tuchukue mtumishi wa mfano. Anakopa shilingi 40,000,000 kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, inayohesabiwa juu ya salio linalopungua, kwa muda wa miaka 15. Hatukuiokota asilimia hiyo hewani: taarifa za Benki Kuu ya Tanzania kuhusu soko la mikopo ya nyumba zimekuwa zikitaja kwa miaka kadhaa riba za kati ya asilimia 15 na 19. Rejesho lake ni takriban shilingi 615,600 kwa mwezi. Zidisha kwa miezi 180. Hadi siku ya mwisho atakuwa amelipa shilingi 110,800,000. Amekopa milioni 40 na kuzirudisha, na juu yake amelipa riba ya zaidi ya milioni 70.

Tunaomba msidhani kwamba hapo pana wizi. Benki imefanya hesabu iliyo halali kabisa, na mkopaji ameitia saini. Jambo la kuelewa ni namna hesabu hiyo inavyokwenda. Kila mwezi riba hutozwa juu ya deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 40 kamili, hivyo riba yake ni shilingi 566,667. Katika zile 615,600 alizolipa, zilizopunguza deni ni kama 48,900 tu. Kwa maneno mengine, katika kila shilingi 100 za rejesho la kwanza, shilingi 92 ni riba. Mwezi wa pili riba inapungua kidogo sana, wa tatu kidogo tena, na deni linashuka kwa mwendo wa kinyonga.

Sasa tumtazame mkopaji huyo baada ya miaka mitano. Hajakosa hata mwezi mmoja. Amekwisha kulipa shilingi 36,900,000, karibu sawa na fedha yote aliyokopa. Ukimuuliza anadaiwa kiasi gani, wengi wangekisia milioni tatu au nne. Anadaiwa shilingi 35,400,000. Miaka mitano ya kujinyima imepunguza deni kwa milioni nne na nusu.

Tunalisisitiza jambo hili kwa sababu miaka mitano ni muda ambao mengi hutokea. Mtu huhamishwa kutoka Kirando kwenda Sumbawanga au Mpanda, huugua, hufiwa na mwenzi wake, au ndoa huvunjika. Akitaka kuiuza nyumba wakati huo, kwanza atailipa benki milioni 35. Nyumba ikipata bei ya milioni 38, mikononi mwake zitabaki milioni tatu, kabla ya dalali na gharama za kuhamisha hati. Tumewaona watu wakidhani wamedhulumiwa siku hiyo, ilhali kila kitu kilikuwa kwenye jedwali la marejesho ambalo hawakuwahi kuliomba.

Liombeni jedwali hilo kabla ya kusaini. Ni karatasi inayoonyesha mwezi kwa mwezi rejesho ni kiasi gani, riba ni ipi, deni limepungua kwa kiasi gani na salio ni lipi. Benki inayo. Asiyependa kusoma namba nyingi asome mstari wa mwezi wa 60 na jumla ya mwisho.

Muda wa mkopo nao una siri yake. Ofisa atakwambia: ukiona rejesho ni kubwa, tunaweza kukuongezea muda. Ni kweli. Mkopo uleule wa milioni 40 ukivutwa hadi miaka 20, rejesho linashuka kutoka shilingi 615,600 hadi 586,700. Nafuu ni shilingi 28,900 kwa mwezi. Lakini jumla ya malipo inapanda hadi milioni 140.8, yaani milioni 30 zaidi kwa ajili ya nafuu ya elfu ishirini na tisa. Ukielekea upande wa pili, mkopo huo kwa miaka 10 una rejesho la shilingi 695,200 na jumla ya milioni 83.4. Anayeweza kuongeza shilingi 79,600 kila mwezi juu ya rejesho la miaka 15 anaokoa zaidi ya milioni 27. Hatusemi kila mtu ana shilingi 79,600 za ziada. Kwa mtumishi wa umma ipo pia kanuni ya kubakiwa na theluthi moja ya mshahara wa msingi: rejesho la 615,600 peke yake linadai mshahara wa msingi unaozidi shilingi 923,000, kabla ya makato mengine. Basi asiyeufikia kwa miaka 15, ushauri wetu ni apunguze ukubwa wa nyumba kabla ya kurefusha muda. Chumba cha nne kinaweza kusubiri.

Kuna njia nyingine ambayo wachache huitumia. Mkopaji wetu akipata shilingi 1,000,000 mwishoni mwa mwaka wa kwanza, kwa mfano baada ya kuuza mahindi, akailipa kama nyongeza inayopunguza deni la msingi huku rejesho la mwezi likibaki palepale, atamaliza mkopo miezi 15 mapema. Shilingi milioni moja inafuta marejesho yenye thamani ya milioni tisa. Mwaka wa kumi na nne fedha hiyohiyo isingefuta hata marejesho mawili. Lakini ulizeni mambo mawili: je, mkataba unatoza faini kwa kulipa mapema? Na je, fedha hiyo itaingizwa kwenye deni la msingi, au itakaa tu kusubiri rejesho la mwezi ujao? Andikeni maelekezo kwa barua na mbaki na nakala iliyopigwa muhuri.

Pengine mtauliza kwa nini riba zetu ziko juu hivi. Tulikuwa na Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanza kazi mwaka 1973 na kufungwa mwaka 1995 ikiwa imeelemewa na mikopo isiyolipika. Baada yake, mkopo wa nyumba wa muda mrefu ulikuwa kitu adimu kwa zaidi ya miaka kumi. Mwaka 2008 Bunge lilitunga Sheria ya Mikopo ya Nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuzipatia benki fedha za muda mrefu. Maana amana zetu benki ni za muda mfupi: tunaweka leo, tunatoa mwezi ujao, na benki haiwezi kwa urahisi kuzifunga fedha hizo kwenye nyumba ya mtu kwa miaka 15. Hali imekuwa bora kuliko ilivyokuwa, lakini mkopaji bado hulipia hofu hiyo ya benki.

Mikataba mingi pia huiruhusu benki kubadili riba. Tangu Januari 2024 Benki Kuu hutangaza riba yake: ilianza na asilimia 5.5, ikapanda hadi 6 mwezi Aprili mwaka huohuo, ikashuka hadi 5.75 Julai 2025. Hiyo siyo riba anayotozwa mwananchi, ila inaonyesha kwamba bei ya fedha haisimami. Mkopo wetu wa mfano ungekuwa wa asilimia 19 badala ya 17, rejesho lingekuwa shilingi 673,150, yaani zaidi ya 57,000 juu ya lile la awali. Kabla ya kusaini, jiulize kama mfuko wako ungelibeba.

Tuje kwenye jambo ambalo kwa Kirando tunaliona kuwa zito kuliko yote. Jedwali la marejesho limeandikwa kwa ajili ya mtu anayepokea mshahara kila mwisho wa mwezi. Ziwa halilipi hivyo, na shamba la huko juu Ufipa hulipa mara moja kwa mwaka. Mnakumbuka kwamba kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti 2024 uvuvi katika Ziwa Tanganyika ulifungwa ili samaki wazaliane. Hatukuja kuujadili uamuzi huo; faida yake kwa mgebuka na dagaa mnaijua kuliko sisi. Tunasema tu kwamba riba haikufungwa. Mwenye mkopo kama wa mfano wetu, ukiwa bado mchanga, riba yake kwa miezi hiyo mitatu ni shilingi 1,700,000, nyavu zikiwa zimeanikwa. Akishindwa kulipa, riba ile haifutiki, na juu yake huja tozo za kuchelewa kwa mujibu wa mkataba. Mvuvi, mchuuzi, fundi boti, hata mama lishe wa mwaloni anayetegemea wavuvi, asikubali mkopo wa nyumba kabla hajajadiliana na benki kuhusu ratiba inayofuata msimu wake, na kabla hajaweka akiba ya marejesho ya miezi mitatu isiyoguswa. Ofisa akikataa kabisa kulizungumzia jambo hilo, huo mkopo haukutengenezwa kwa ajili yako.

Wengi hapa hawatachukua mkopo wa milioni 40. Watachukua milioni sita za kupaua, na hapo pana mtego wa aina yake. Mkopeshaji mmoja anasema riba ni asilimia 18 kwa mwaka, mwingine naye anasema asilimia 18, na wote wanasema kweli. Wa kwanza anahesabu riba juu ya salio linalopungua: milioni sita kwa miaka miwili ni rejesho la shilingi 299,500, na riba yote ni kama milioni 1.19. Wa pili anahesabu riba juu ya milioni sita zote hadi mwisho, kana kwamba hujarudisha kitu. Rejesho lake ni shilingi 340,000 na riba yote ni milioni 2.16. Ukiipima kwa kipimo cha yule wa kwanza, riba yake ni karibu asilimia 31. Kwa hiyo msilinganishe asilimia. Ulizeni: nikipokea kiasi hiki mkononi, nitarudisha jumla ya shilingi ngapi? Tunasema mkononi kwa sababu ada ya kushughulikia mkopo, bima, malipo ya mthamini na ya usajili wa rehani mara nyingi hukatwa mwanzoni, na riba hutozwa hata juu ya fedha ambayo hukuigusa.

Kuhusu ile mikopo mnayoiita kausha damu hatutapoteza muda mwingi. Anayekopa milioni moja kwa asilimia 10 kwa mwezi na kulipa riba tu, baada ya miezi kumi amelipa milioni moja na bado anadaiwa milioni moja. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 inamtaka kila mkopeshaji awe na leseni. Ombeni kuiona.

Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inasema hivyo, na saini ya kughushi huleta kesi badala ya nyumba. Mkopaji akishindwa kulipa, mkopeshaji lazima ampe notisi ya maandishi, na ni baada ya siku 60 tangu aipokee ndipo anapoweza kuiuza nyumba. Siku hizo 60 zitumieni kuzungumza. Tumeona wengi wakizitumia kumkwepa ofisa mikopo. Mnada ukifika, muuzaji ana wajibu wa kutafuta bei nzuri inayowezekana, lakini bei ya mnada mnaijua.

Na yule anayejenga kidogo kidogo, tofali mwaka huu, lenta mwaka kesho? Majirani humcheka, sisi hatumcheki. Naye ana gharama zake: kodi anayoendelea kulipa alikopanga, saruji inayopanda bei, kuta zinazonyeshewa kabla ya bati. Azihesabu zote kwa miaka anayotarajia kujenga, kisha aweke jumla hiyo kando ya jumla ya mkopo. Kwa mwenye mshahara wa uhakika na kodi kubwa, mkopo mfupi unaweza kushinda. Kwa mwenye kipato cha msimu na kiwanja chenye hati ya kimila, mara nyingi tumeona tofali la polepole likishinda.

Mwenye malalamiko aanze na benki yake, kwa maandishi. Asiporidhika, Benki Kuu hupokea malalamiko ya wateja wa taasisi za fedha, nayo ina tawi Mbeya.

Tumekuja na majedwali ya mikopo ya milioni 5, 10, 20 na 40, na kikokotoo. Wenye mikataba waliyokwisha kusaini tunawaomba watangulie, kwani kwao kila mwezi unaopita una bei.