Kutoka Darasa la Sheria hadi Meza ya Mataifa



Leo nawaletea habari za Profesa Palamagamba Kabudi wa Tanzania. Kwa miaka mingi alifundisha sheria Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mwaka 2012 aliingia katika Tume ya Mabadiliko ya Katiba chini ya Jaji Joseph Warioba, iliyozunguka nchini kukusanya maoni ya wananchi. Mwaka 2017 akawa Waziri wa Katiba na Sheria; mwaka 2019 akakabidhiwa Mambo ya Nje, hadi 2021. Agosti 2019, wakuu wa SADC walipokutana Dar es Salaam, walikubali Kiswahili kiwe lugha rasmi ya nne ya jumuiya hiyo, ambayo Kongo nayo ni mwanachama.

Kwa nini nayasema haya hapa Bugeshi? Kwa sababu mgeni akija, mara nyingi shida zetu husimuliwa kwa lugha ambayo mama mwenye shida haielewi. Hajui kama lililoandikwa ndilo alilolisema. Profesa yule alisikiliza wananchi kwanza, ndipo akasema kwa niaba ya nchi. Nasi wanakamati tufanye hivyo: tumsikilize mtu kwa lugha yake, tumsomee kilichoandikwa, akikubali ndipo kipelekwe. Watumishi wa mashirika, tunaomba mtusaidie katika hilo.