Amri ya Korti ya Kumzuia Ndugu Asiingie Shambani

Katika Nyeri, Kirinyaga, Embu na Meru, mashauri mengi ya mashamba si ya mtu na mgeni, bali ya watu waliozaliwa nyumba moja. Baba hufa, na kabla machozi hayajakauka ndugu mmoja huanza kung'oa mibuni ya mwenzake, au kuifunga njia ya mtoni. Hapo mwenye kuonewa huenda kortini kuomba amri ya kumzuia mwenzake asiingie.

Yafaa ifahamike kwamba amri hiyo haimpi mtu shamba. Kazi yake ni kulihifadhi jinsi lilivyo mpaka shauri likatwe: mpaka usisogezwe, nyumba isibomolewe, ardhi isiuzwe. Aliyeipata akarudi Karatina kwa shangwe kana kwamba amekwisha shinda, amejidanganya. Na aliyezuiwa akadhani amekwisha nyang'anywa urithi, amejidanganya vile vile.

Chanzo cha magomvi haya ni cha zamani. Kwa desturi ya Wakikuyu, ardhi ya mbari iliangaliwa na muramati, naye hakuwa na ruhusa ya kuwafukuza ndugu zake. Kisha ukaja mpango wa Bwana Swynnerton wa mwaka 1954. Vipande vya mashamba vilikusanywa pamoja na kuandikishwa upesi upesi, wakati wa Hali ya Hatari, wanaume wengi wakiwa kizuizini. Mara nyingi liliandikwa jina moja tu, la mwana wa kwanza, kwa niaba ya wote. Miaka ikapita, watoto wa mwenye jina wakaishika hati, na watoto wa ndugu zake wakaitwa wavamizi katika shamba walimozaliwa.

Majaji wenyewe hawakuwa na neno moja. Mwaka 1973 Mahakama Kuu ya Kenya ilikubali kwamba baba mwenye hati aweza kuwatoa wanawe, kwa kuwa daftari hushinda desturi. Majaji wengine walilikataa neno hilo, wakasema kwamba mwenye jina aweza kuwa mdhamini tu. Mwishowe, mwaka 2018, katika shauri lililotoka Meru, Mahakama ya Juu ilikata kwamba haki ya ukoo yaweza kudumu juu ya ardhi iliyoandikishwa, hata kama mdai hakai juu yake. Lakini sharti aithibitishe.

Mtu akiomba amri ya kuzuia, jaji hufuata kipimo kilichowekwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1973. Je, madai yake yaonekana kuwa na nguvu? Je, hasara yake ni ya namna isiyoweza kulipwa kwa fedha? Mahindi yaliyoliwa na ng'ombe hulipika. Nyumba ya mjane iliyobomolewa usiku, naye hana pengine pa kulala, ni jambo jingine. Jaji akiwa bado na shaka, hupima ni nani atakayeumia zaidi.

Amri iliyotolewa pasipo kumsikiliza mtu wa pili haipiti siku 14, na yaweza kuongezwa mara moja tu. Shauri lisipokatwa katika miezi 12, amri huanguka yenyewe, isipokuwa korti ione sababu ya kuidumisha. Kwa hiyo si karatasi ya kuwekwa sandukuni na kusahauliwa. Anayeivunja aweza kukamatiwa mali yake, au kufungwa hadi miezi sita. Chifu hana uwezo wa kuitoa.

Ikiwa mwenye hati amekufa, hata mwana wa kwanza hawezi kuuza wala kugawa kabla korti haijampa ruhusa ya kusimamia mali. Sheria ya Urithi, iliyoanza kutumika mwaka 1981, humtoza mwenye kuingilia mali hiyo faini isiyozidi shilingi 10,000, au kifungo kisichozidi mwaka mmoja, au vyote viwili. Binti naye ni mrithi, ameolewa au hakuolewa, ingawa wako wazee ambao hata leo hawapendi kulisikia neno hilo.

Mashauri ya ardhi husikizwa na Mahakama ya Mazingira na Ardhi, iliyo na vituo Nyeri, Kerugoya, Embu na Meru. Mdai aende na nakala ya daftari ya ardhi, picha za nyumba na mimea, na mashahidi. Shahidi aliye bora ni mzee aliyekuwapo siku ya kupima, awezaye kuonyesha matoka ya mpaka na kusema yalipandwa na nani. Wazee hao wamebaki wachache sana.