Shimo la Bosi



Jumamosi moja ya mwezi uliopita, kabla hata sijanywa chai, jirani yangu aliniita uani kwake. Tuta la mchicha lilikuwa limefumuliwa lote. Miche mitatu ya nyanya ililala mizizi juu, na chini ya geti palikuwa na shimo ambalo mtoto wa chekechea angeweza kupenya. Mtuhumiwa, mbwa aitwaye Bosi, alikuwa amejikunja kando ya tangi la maji, masikio yamelala na mkia ameubana katikati ya miguu.

"Mtazame," jirani akasema. "Anajua alilofanya."

Mkononi alikuwa na fimbo. Akaniambia hii ni mara ya tatu, na kwamba mara ya nne hatapiga tena, atatia dawa kwenye nyama, yaishe. Nilimwomba aiweke fimbo chini tuzungumze, na mazungumzo hayo ndiyo ninayowaletea leo, kwa maana najua nyumba nyingi za mjini zina Bosi wao na fimbo yao.

Kwanza hilo la kujua kosa. Mwaka 2009 mtafiti wa Marekani, Alexandra Horowitz, alichapisha matokeo ya jaribio moja rahisi. Mwenye mbwa alimkataza mbwa wake kula kipande cha chakula, kisha akatoka chumbani. Aliporudi aliambiwa kama mbwa amekula au hakula, na mara nyingine aliambiwa uongo. Ile sura tunayoiita ya mkosaji, masikio chini na macho pembeni, haikufuata kosa. Ilifuata karipio. Mbwa ambaye hakugusa kitu, akikaripiwa, aliionyesha sura hiyo hiyo, tena zaidi. Kwa hiyo Bosi asubuhi ile hakuwa akiujutia mchicha wa saa tisa usiku. Alikuwa anaitazama fimbo.

Pili, kuchimba hakufundishwa na mtu. Mbweha huchimba pango na hufukia nyama iliyobaki ili aje kuila kesho. Mbwa mwitu wetu wa Ruaha huzalia ndani ya mashimo, mara nyingi yale yaliyoachwa na muhanga. Na binadamu naye ameongeza chumvi. Huko Ulaya wafugaji walichagua kwa karne nyingi mbwa wadogo wakali wa kuingia mashimoni kufukuza wanyama. Jina la mbwa wanaoitwa terrier limetokana na neno la Kifaransa la ardhi. Damu za mbwa hao na nyingine nyingi zimeshachanganyika mitaani kwetu, na nani anajua ni ipi iliyomfikia Bosi. Mama yake ni koko wa kawaida, baba hajulikani.

Sasa tazama siku ya mbwa huyu. Alfajiri anafungiwa bandani. Anashinda humo akitazama ukuta. Saa mbili usiku anafunguliwa, anapewa ugali na dagaa, anaumaliza kwa dakika mbili, kisha anaachiwa uwanja mzima hadi asubuhi. Ana meno, ana pua, ana kucha, ana nguvu za mchana kutwa, na hana kazi. Wewe ungefanya nini?

Nikamwuliza jirani: tuta hili uliliwekea nini? Akasema samadi ya kuku, Alhamisi. Basi hapo tulipata jibu la mchicha, kwa sababu pua ya mbwa ilisikia kuku chini ya udongo. Shimo la geti lilikuwa na jibu jingine: mtaa wa pili kulikuwa na jike aliyekuwa katika joto. Ndiyo maana nasema, kabla ya kuadhibu shimo, lisome mahali lilipo. Mbwa anayechimba kivulini saa nane mchana anatafuta ubaridi, maana mwili wake hautoi jasho kama wetu, hupoa kwa kuhema. Huyo mpe kivuli na maji. Anayechimba mahali pamoja bila kuchoka huenda anafuata panya. Na jike mwenye mimba anatengeneza pa kuzalia, huyo mwacheni. Mambo hayo hayatibiwi kwa vitu vya kuchezea, na ningekuwa mwongo nikisema yanatibika hivyo.

Lakini yule asiye na kazi anatibika. Miaka ya 1970, huko Colorado, Marekani, Joe Markham alikuwa na mbwa aliyekuwa akitafuna mawe hata meno yakaanza kuharibika. Siku moja alipokuwa akitengeneza gari aina ya Volkswagen, lile tunaloliita Kombi, mbwa akapenda kipande cha mpira kilichotoka upande wa springi, akaacha mawe. Kutokana na kipande hicho cha gereji kikazaliwa kichezeo cha mpira kiitwacho Kong, ambacho leo kinauzwa dunia nzima. Kina uwazi ndani, unatia chakula, na mbwa anahangaika nacho muda mrefu.

Hatuna haja ya kwenda dukani kukinunua. Mimi na jirani, pamoja na kijana wake wa kazi, tulifanya hivi. Chini ya mwembe tulipima eneo la mita moja na nusu kwa mita moja, tukalizungushia matofali, tukachimba hadi magotini na kujaza mchanga uliobaki kwenye ujenzi. Tukasuka kamba nene kwa suruali kuukuu ya jinzi, tukaifunga mafundo mawili makubwa. Tukachukua chupa ngumu ya plastiki, tukaondoa kifuniko na ile pete yake, tukatia dagaa wakavu. Na katika bakuli tukagandisha supu ya mifupa isiyo na chumvi wala kitunguu, kwa maana kitunguu kinamdhuru mbwa.

Siku ya kwanza kamba ilifukiwa nusu, nusu ikionekana, Bosi mwenyewe akitazama. Alipoifukua alisifiwa kama mtoto aliyefaulu mtihani. Siku ya pili ikafukiwa yote. Siku ya tatu ikaenda chini zaidi, na bonge la barafu ya supu likafukiwa upande mwingine. Akikutwa anachimba kwenye tuta, anaitwa bila makelele na kupelekwa mchangani, ambako daima kuna kitu. Hilo ndilo la kushika: mchanga usiwe mtupu, kwa maana mbwa akikuta mara mbili hakuna kitu atarudi kwenye mchicha. Na vitu vibadilishwe. Vya wiki hii vifichwe, wiki ijayo vitakuwa vipya.

Tahadhari ni chache. Mifupa ya kuku iliyopikwa usifukie, inavunjika kama sindano. Tairi lenye nyaya usimpe, wala mpira mdogo unaoweza kuingia kooni. Chupa ikianza kupasuka, iondoe. Mchanga ufunikwe kwa turubai asipokuwepo, ili paka wasiufanye choo, na mbwa apewe dawa ya minyoo, kwa sababu viluwiluwi vya minyoo ya mbwa na paka hupenya ngozi ya watoto wanaocheza pekupeku.

Najua wapo wasikilizaji ambao kwa sababu za dini hawapendi kumgusa mbwa ingawa wanamfuga kwa ulinzi. Hili halihitaji kumgusa. Koleo na ndoo vinatosha.

Na kwa wale wanaoona haya ni mambo ya wenye fedha zao, fikirieni lile shimo la geti. Mbwa anayetoka usiku hukutana na mbwa wengine, na kichaa cha mbwa kikishaonyesha dalili kwa binadamu, karibu hapana anayepona. Chanjo ya mbwa ni ya kila mwaka. Mtu akiumwa, aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha hospitali siku hiyo hiyo.

Jirani amejenga msingi wa mawe chini ya geti, na Bosi amehasiwa na daktari wa mifugo. Wiki mbili za kwanza tuta lilichimbwa mara moja. Tangu hapo halijaguswa, ingawa jirani analalamika kuwa mchanga wa veranda yake umeishia chini ya mwembe. Fimbo nimeiona juzi. Imesimikwa kwenye tuta, inashikilia mche wa nyanya.